Jua la Nchi ya Wanawake

Mwaka 1905 gazeti moja la wanawake lililokuwa likitolewa Madras, kusini mwa Bara Hindi, chini ya uhariri wa Bi Kamala Satthianadhan, lilichapisha hadithi fupi ya Kiingereza iliyotungwa na mwanamke wa Kiislamu wa Bengal ambaye hakusomeshwa katika skuli yoyote. Jina la hadithi ni Ndoto ya Sultana. Ndani yake mna nchi isiyomo katika ramani, ambamo wanawake ndio wapitao njiani na kuendesha shughuli za dola, na wanaume wamekaa ndani, wanapika na kulea. Wengi waitajao hadithi hii huishia hapo, kwenye kichekesho cha mambo kupinduliwa. Lakini nchi ile haikusimama juu ya kichekesho. Imesimama juu ya chombo: mtambo wa kukusanya joto la jua, kulihifadhi, na kulielekeza linakotakiwa. Ukiuondoa mtambo huo, hadithi nzima inaanguka, kwani hapana kitu kingine chochote mle kilichowatoa wanawake ndani.

Chombo hicho ni cha kubuni, ila kina nasaba yake, na nasaba hiyo ni ndefu kuliko umri wa hadithi. Mwanzoni yupo Archimedes wa Syracuse, ambaye masimulizi yanadai kwamba aliziunguza merikebu za Warumi kwa vioo katika vita vilivyomalizika mwaka 212 kabla ya Masihi. Polybius na Livy, walioandika habari za mazingiwa yale, wanaeleza mitambo ya kurusha mawe na makucha ya chuma yaliyonyanyua merikebu majini. Vioo hawavitaji kabisa. Vioo vilikuja baadaye, kama zinavyokuja aghalabu sehemu tamu za hadithi. Hata hivyo wenye elimu hawakuliacha jambo hilo lipite. Anthemius wa Tralles, mmoja wa mafundi wawili walioijenga Hagia Sophia katika karne ya 6, alikaa akapiga hesabu ya vioo bapa vingapi na vikae vipi ili miale yake yote iangukie mahali pamoja.

Kisha suala likahamia katika lugha ya Kiarabu, na huko ndiko lilikokua. Karibu na mwaka 984 Ibn Sahl wa Baghdad aliandika risala juu ya vyombo vya kuunguzia, yaani vioo na lenzi, na katika kutafuta umbo la lenzi litakalokusanya miale yote bila kupoteza hata mmoja, aliifikia kanuni ya kupinda kwa nuru ambayo Ulaya ilikuja kuifikia baada ya miaka zaidi ya mia sita. Ibn al-Haytham, mzaliwa wa Basra aliyefanya kazi Cairo, naye akaandika juu ya vioo vya kuunguzia vyenye umbo la bakuli. Kanuni yenyewe ni nyepesi kuisema: kioo bapa huurudisha mwale kwa pembe ile ile uliyojia, na kioo kilichopindwa sawasawa huirudisha miale yote kwenye nukta moja. Jua halikuongezwa chochote. Limegeuzwa njia tu, na kwa kugeuzwa huko mwanga uliokuwa ukianika nguo kambani unaweza kuwasha ubao. Mwaka 1747 Mfaransa Buffon aliwasha ubao kutoka mbali mbele ya watu kwa vioo zaidi ya mia, na ubishi wa zama na zama juu ya uwezekano wa jambo lenyewe ukapungua, ingawa habari ya merikebu za Syracuse ilibaki pale pale ilipokuwa.

Karne ya 19 ililitoa jua vitani na kulitia katika kazi. Augustin Mouchot, mwalimu wa hesabu wa Ufaransa, aliwaonyesha watu barafu iliyofanywa kwa joto la jua katika maonyesho ya Paris ya mwaka 1878. Mwaka huo huo mtu mwingine, William Adams, mtumishi wa Mahkama Kuu ya Bombay, alitoa kitabu akisema kwamba nchi za joto zisizo na makaa ya mawe hazina haja ya kuyalilia, kwa kuwa fueli yao iko juu ya vichwa vyao. Adams alipanga vioo bapa vingi katika umbo la nusu duara, akavielekeza kwenye birika kubwa la chuma, na mvuke uliotoka humo ukaendesha pampu. Akafanya pia jiko la jua la kuwapikia askari. Mambo haya yalifanyika Bombay, mahali ambapo majahazi ya pwani ya Afrika Mashariki yalikuwa yakitia nanga kila msimu, lakini hayakufika mbali. Serikali ya kikoloni ilikuwa na makaa yake na reli zake, na jua likaachwa liendelee kuanika.

Miaka miwili baada ya kitabu cha Adams, mwaka 1880, alizaliwa Rokeya katika kijiji cha Pairaband, wilaya ya Rangpur, ambayo leo imo Bangladesh. Jina hilo ni matamshi ya Kibengali ya jina ambalo pwani hutamkwa Rukia. Baba yake alikuwa mwenye ardhi, mtu wa heshima na wa lugha nyingi, na kama mabwana wengi wa tabaka lake aliona kwamba binti anatosheka na kusoma Qur'ani na Kiurdu kidogo. Kibengali kilikuwa lugha ya watu wa chini. Kiingereza kilikuwa lugha ya wageni na makafiri. Rokeya alizipata lugha zote mbili kwa wizi. Dada yake Karimunnesa alimfunza Kibengali, na kaka yake Ibrahim alimsomesha Kiingereza usiku, nyumba ikishalala, kwa mwanga wa taa. Huko mchana jua lilikuwa tele, lakini halikuwa lake.

Mwishoni mwa miaka ya 1890 aliozwa kwa Syed Sakhawat Hossain, hakimu wa Bhagalpur, mtu mzima aliyefiwa na mke na aliyepata kusoma Uingereza. Ndoa hiyo ingeweza kuwa kaburi, ikawa skuli. Bwana Sakhawat alimhimiza asome na aandike. Kwa maelezo ya Rokeya mwenyewe, Ndoto ya Sultana aliiandika mumewe alipokuwa safarini kikazi, ili kupitisha wakati na kumwonyesha Kiingereza chake kimefika wapi. Mume aliporudi aliisoma yote papo hapo, amesimama wima, na alipomaliza alisema kwamba hicho ni kisasi cha kutisha. Neno hilo lataka kurudiwa baadaye.

Sultana wa hadithi amejinyoosha kitini jioni, anawaza hali ya wanawake wa India, usingizi unampitia. Anamwona mgeni amfananishaye na shoga yake, Dada Sara, anayemwalika kutoka nje. Nje ni asubuhi, na njia zimejaa watu, na hakuna mwanamume hata mmoja. Sultana anaona haya, amezoea kutawa, na wapita njia wanamcheka: ana aibu kama mwanamume. Sara anamtembeza na kumweleza. Zamani nchi hii ilikuwa kama nchi nyingine. Kisha malkia kijana akaamuru kila mwanamke asome, na asiolewe kabla ya kufika miaka 21. Vyuo vikuu viwili vya wanawake vikajengwa. Kimoja kikabuni puto kubwa lenye mabomba, likatundikwa juu ya mawingu kuteka maji angani, na tangu hapo mvua na dhoruba zikawa hazimsumbui mtu. Mkuu wa chuo cha pili, asikubali kushindwa, akabuni chombo cha kukusanya joto la jua kadiri linavyohitajika, na kuliweka akiba.

Hapa pana jambo dogo ambalo msomaji wa haraka hulipita. Wakati wanawake wakiyafanya hayo, wanaume walikuwa wanaongeza majeshi. Habari za maji na joto zilipowafikia walicheka wakasema ni ndoto za watu wenye hisia nyingi. Wanawake wa vyuo wakataka kujibu kwa maneno, wakuu wa vyuo vyote viwili wakawazuia: wajibu kwa vitendo, nafasi ikipatikana. Rokeya aliyajua maneno ya namna hiyo. Maafisa wa Kiingereza katika zama zake walikuwa na desturi ya kuwagawa watu wa India mafungu mawili, makabila ya vita na makabila ya maneno, na mwanamume wa Bengal wakamtia katika fungu la pili, wakimwita laini na mwenye tabia za kike. Mtawala alimdharau mwanamume wa Kibengali kwa kumfananisha na mke wake, naye akirudi nyumbani alimfungia mke huyo mlango. Hadithi inaikamata dharau hiyo na kuigeuzia njia, kama kioo kinavyougeuza mwale.

Nafasi ikapatikana. Watu waliokimbia nchi jirani kwa sababu za kisiasa waliomba hifadhi kwa malkia. Mfalme wao akawadai. Malkia akakataa kuwatoa, na vita vikaja. Yafaa kukumbuka kwamba chanzo cha vita hivyo ni kumlinda mgeni aliyeomba himaya. Rokeya angeweza kuchagua dhahabu au mpaka, akachagua hilo. Wanaume wakatoka, wakapigana kwa ushujaa, wakashindwa. Hata vijana wa miaka 16 wakapelekwa. Adui akakaribia mji mkuu, na mabibi wenye hekima wakakutana katika kasri. Mkuu wa chuo cha pili akasema lipo jambo la kujaribu, kwa sharti moja: kabla wanawake hawajatoka, wanaume waingie ndani, kwa ajili ya stara. Wanaume walikuwa wamechoka na wengi wamejeruhiwa. Wakaingia bila ubishi.

Kisha mkuu wa chuo akatoka na wanafunzi wake 2,000, wakafika uwanja wa vita, wakaielekeza miale yote ya jua waliyoikusanya upande wa adui. Joto na mwanga vikawashinda. Askari wakakimbia, wakaziacha bunduki na baruti zao, nazo zikateketezwa kwa joto lile lile. Hakuna maiti anayetajwa katika kushindwa kwa adui. Mwandishi wa kiume wa wakati ule, akipewa silaha kama hiyo, asingeliacha jeshi likimbie. Angelichoma akalieleza kurasa tatu. Rokeya anachoma silaha na kwenda zake. Na wanaume waliokuwa wameingia ndani hawakutoka tena.

Vita vyote vinachukua nafasi ndogo katika hadithi ambayo yenyewe ni fupi. Anachotaka Sara kumwonyesha mgeni wake ni jiko. Limo katikati ya bustani ya mboga, ambayo yenyewe ndiyo pambo lake. Halina moshi wala bomba la kutolea moshi. Madirisha yamepambwa kwa maua. Sultana anauliza mnapikaje, kwa kuwa haoni moto wala makaa, naye anaonyeshwa bomba linalopitisha mwanga na joto la jua, na chakula kinapikwa mbele yake ili aamini. Chombo kile kile. Wakati wa baridi akiba hiyo ya joto hupasha vyumba. Sara haoni haja ya kutenga silaha na jiko, wala haelezi ni kipi kilichotangulia, lakini mpangilio wa hadithi unasema wenyewe: joto lilikuwa linakusanywa na kuhifadhiwa kabla ya vita, na vita vilipokuja hapakuundwa kitu kipya. Waliligeuza upande tu.

Kwa mtu aliyewahi kupuliza moto wa kuni mbichi katika jiko la makuti, jiko la Sara ni habari kubwa kuliko kushindwa kwa mfalme. Hapo ndipo ubunifu wa Rokeya unapowapita waandishi wengi wa Ulaya wa wakati wake waliobuni nguvu za ajabu. Edward Bulwer-Lytton, katika riwaya yake ya mwaka 1871 ya watu waishio chini ya ardhi, alibuni nguvu aliyoiita vril, iwezayo kuponya na kuangamiza, na wabebaji wake ni watu wa kuogopewa. Jiko hakulisahau kabisa, ila hakuketi humo. Rokeya alijua moshi unaingia katika mapafu ya nani.

Kuhusu kuhifadhi joto, hadithi haielezi hata kidogo limewekwa wapi na kwa kitu gani. Ni udhaifu ukiisoma kama kitabu cha ufundi, nayo si hicho. Lakini wakati umemtendea wema. Mwaka 1913, Frank Shuman wa Marekani alizindua huko Maadi, Misri, mtambo wa safu tano za vioo vilivyopindwa, vilivyochemsha maji na kuendesha pampu ya kumwagilia mashamba ya pamba kwa maji ya Naili. Vita vya mwaka uliofuata vikaukatisha. Na mwaka 2016 Moroko ilifungua karibu na Ouarzazate kituo kiitwacho Noor, yaani nuru, ambacho hukusanya joto la jua kwa vioo na kuliweka akiba katika chumvi iliyoyeyushwa, ili umeme uendelee kutoka baada ya machweo. Hapo pana kukusanya, kuweka na kugawa, mambo matatu yale yale aliyoyataja mkuu wa chuo katika hadithi, miaka 111 kabla.

Turudi kwenye neno la Bwana Sakhawat. Je, ni kisasi? Kwa kiasi fulani, ndiyo, na hakuna sababu ya kumtetea mwandishi kwa kulikana hilo. Nchi ya Wanawake ina uhuru wa nusu ya watu wake. Nusu nyingine imefungiwa, na tunaambiwa imezoea na hailalamiki tena, maneno yale yale ambayo wanaume wa India waliyasema juu ya wanawake wao. Rokeya alikuwa mwerevu kupita kiasi hata asione mfanano huo. Aliuweka pale makusudi, umchome asomaye. Lakini kuna kitu cha kusikitisha ndani yake pia: mwanamke huyu, aliyeweza kubuni magari ya kuruka na mvua ya kuamrishwa, hakuweza, au hakutaka, kubuni nchi isiyo na ukuta. Alibadilisha wakaao upande huu na upande ule, ukuta akauacha.

Kwa Kiswahili, tofauti hizo zina ugumu wake wa pekee. Rokeya anatumia maneno mawili ya Kihindi na Kiurdu, zenana kwa upande wa wanawake na mardana kwa upande wa wanaume. Na mchezo wote wa lugha ni kwamba katika nchi ile mardana ndiyo imekuwa kifungo. Mfasiri wa Kiswahili anayo maneno ya utawa na kutawishwa, na msomaji wa Lamu anaijua shiraa, lile hema la nguo lililokuwa likibebwa kuwazunguka mabibi wa watu wakitembea njiani. Lakini neno la kumtawisha mwanamume halipo, na kulikosa kwake ni ushahidi tosha. Rokeya mwenyewe aliifasiri hadithi yake kwa Kibengali na kuitia katika juzuu ya pili ya mkusanyo wake Motichur, mwaka 1922, lugha ile ambayo nyumbani kwao ilikuwa ya kujificha.

Sakhawat alipoteza macho kwa maradhi ya sukari na akafariki mwaka 1909. Watoto wawili wa Rokeya walikuwa wamekwisha kufa wangali wachanga. Mume alikuwa ameacha fedha kwa ajili ya skuli ya wasichana, na mwaka huo huo akiwa mjane Rokeya alifungua skuli Bhagalpur na wanafunzi watano. Mvutano wa kifamilia ukamhamisha. Mwaka 1911 aliifungua upya Calcutta na wasichana wanane. Akawa anapita nyumba kwa nyumba akiwaomba wazazi. Mwenyewe amejifunika, kwani bila ya hivyo asingepewa mtoto wa mtu.

Mwaka 1931 alichapisha visa 47 vya utawa uliopindukia, na baadhi havisomeki bila moyo kusita. Kimo kisa cha jamaa wa upande wa mumewe aliyejikwaa kwa mavazi yake akaanguka kwenye reli. Watu wakakimbilia kumwinua, mtumishi wake akawakataza, wanaume wasimguse bibi. Kwa kulikumbuka hilo msomaji ataelewa kwa nini katika Nchi ya Wanawake hakuna reli wala ajali za njiani.

Kisa cha mwisho ni cha skuli yake mwenyewe. Basi la kuwachukua wasichana lilifunikwa kila upande hata hewa ikawa haipiti. Watoto walilia gizani, wakatapika, wengine wakazimia. Rokeya akaamuru madirisha yafunguliwe na yatundikwe mapazia. Hazikupita siku nyingi akaletewa barua za malalamiko: mapazia yanapeperushwa na upepo, wasichana wanaonekana, na mambo yakiendelea hivyo walalamikaji watamtangaza magazetini. Mwanamke aliyelitiisha jua kwa kalamu akaketi katika ofisi ya Calcutta, akipima ni kiasi gani cha upepo kinaruhusiwa kupita katika dirisha la basi.

Hakuifunga skuli. Ipo Kolkata mpaka leo, ina jina la mumewe, na ni skuli ya serikali. Yeye alifariki tarehe 9 Desemba 1932, na Bangladesh huiadhimisha siku hiyo kila mwaka kwa jina lake. Miaka miwili kabla, mwaka 1930, alipanda ndege juu ya Calcutta, akatazama chini, na aliposhuka akaandika makala kusema kwamba robo karne baada ya kuiota ile gari ya angani, amekaa ndani yake akiwa macho.